Kutoka Femina hadi Fema: Lugha ya Ngono na Jinsia katika Majarida ya Kiswahili na Wasomaji wa Mbeya na Iringa, 1998–2021

Ikisiri

Makala haya yanafuatilia historia ya jarida la Femina, lililoanzishwa Dar es Salaam mwaka 1999 na baadaye kujulikana kwa jina la Fema, kwa kuliweka mbele ya wasomaji wa Mbeya na Iringa, mikoa iliyoumizwa na UKIMWI kuliko mingi nchini. Hoja yake ni kwamba mabadiliko ya jarida hilo na ya machapisho yaliyoandamana nalo yalikuwa kwanza ya kisarufi. Ili ngono iandikike kwa heshima ilibidi ichukuliwe kauli ya kutendana. Kauli hiyo ilifungua mazungumzo, lakini ilimficha mtenda, na muongo mzima ulipita kabla mtenda huyo hajapata jina.

1.0 Utangulizi

Mwaka 1998 Bunge la Tanzania lilipitisha sheria kali dhidi ya ubakaji na makosa yanayofanana nao. Mwaka huohuo serikali ilitumia mamlaka iliyopewa na Sheria ya Magazeti ya mwaka 1976 kuyafungia baadhi ya magazeti ya udaku, yakiwemo Kasheshe na Chombeza, kwa madai ya kuchapisha picha za katuni na habari zinazokiuka maadili. Mwaka uliofuata likatoka Femina, jarida la rangi lililokusudia kuzungumza na vijana kuhusu mapenzi, ngono na UKIMWI bila kificho.

Wanaosimulia historia ya magazeti nchini huyatenga matukio haya: la kwanza huwekwa katika historia ya sheria, la pili katika historia ya uhuru wa habari, la tatu katika historia ya afya ya jamii. Kwa mwanaisimu yote matatu ni tukio moja. Katika kila moja swali lilikuwa lilelile: ni Kiswahili kipi kinachofaa kuandika jambo ambalo kila mtu mzima analijua na ambalo hakuna anayelitaja mbele ya mkwewe?

Magazeti yaliyofungiwa yalikuwa na jibu lao, na majina yao yalitosha kulieleza. Kasheshe ni zogo, na kuchombeza ni kubembeleza. Magazeti ya udaku yaliandika kwa lugha ya kijiweni, yenye mafumbo mepesi ambayo msomaji huyafumbua huku akicheka. Yalikuwa magazeti ya watu wazima kwa maana ya kwamba mtu mzima aliyakunja alipomwona mtoto anakaribia. Kufungiwa kwa mawili matatu hakukuua aina hiyo ya uandishi. Mengine yaliendelea kusafiri kwa basi katika barabara ya Tanzania na Zambia, yakiuzwa katika stendi za Iringa na Mbeya pamoja na maji, karanga na vocha. Lakini adhabu hiyo ilimfundisha kila mhariri aliyefuata kwamba mpaka upo, na kwamba mpaka huo umechorwa kwa maneno pamoja na picha.

2.0 Jarida na jina lake

Mwanzilishi wa Femina, Minou Fuglesang, ni mwanaanthropolojia ambaye kitabu chake cha mwaka 1994 kilihusu wasichana wa Lamu, mabuibui na kanda za video. Historia hiyo inaeleza kwa nini jarida lilizaliwa likiwa na jina la kike. Femina ni neno la Kilatini lenye maana ya mwanamke. Lilichapishwa kwa lugha mbili, Kiswahili na Kiingereza, katika karatasi ya kung'aa, likapelekwa katika shule za sekondari. Mwaka 2003 likapata ndugu yake, Si Mchezo!, lililolenga vijana wa vijijini walio nje ya shule na lililotumia Kiswahili pekee, maandishi machache na visa vya picha vilivyojengwa juu ya maisha ya watu halisi. Baadaye yakaja mazungumzo ya televisheni na klabu za wanafunzi, na jina la jarida likafupishwa kuwa Fema.

Ufupisho huo si wa kupita haraka. Femina ni nomino ambayo hata msomaji asiyejua Kilatini angeihisi kuwa ya kike, kwa kuwa anayo maneno kama feministi masikioni mwake. Fema haina maana katika lugha yoyote ambayo mwanafunzi wa Iringa angeijua. Ni sauti tupu iliyokubali kubeba wavulana na wasichana kwa usawa. Jarida lilipoteza silabi moja, na pamoja nayo likaacha dai la kuwa la wanawake.

Safari hiyo ya jina ilikwenda sambamba na safari ya msamiati wa dola. Sera ya mwaka 1992 iliitwa Sera ya Wanawake katika Maendeleo. Iliyoifuata mwaka 2000 iliitwa Sera ya Maendeleo ya Wanawake na Jinsia. Kati yake kulikuwa na Mkutano wa Beijing wa mwaka 1995, ambao Katibu Mkuu wake alikuwa Mtanzania, Gertrude Mongella, na kulikuwa na kazi ya Mtandao wa Jinsia Tanzania, ulioanzishwa mwaka 1993. Neno jinsia, ambalo awali lilimaanisha tu hali ya kuwa wa kike au wa kiume, lilipewa mzigo mpya: mahusiano na majukumu ambayo jamii imeyapanga na ambayo jamii inaweza kuyapangua. Jinsi likabaki na maumbile. Mgawanyo huu ulikubalika kwenye semina mapema kuliko mtaani, ambako hadi leo jinsia husikika kama neno la adabu la kuwataja wanawake.

Nomino nyingine iliyofanyiwa kazi kimyakimya ni kijana. Kiswahili hakina kiwakilishi cha kike wala cha kiume. Yeye ni yeye, na kiambishi a- hakiulizi. Hata hivyo matumizi yana upendeleo ambao sarufi haina. Msemaji wa kawaida husema vijana na wasichana, kana kwamba kundi la pili halimo katika la kwanza. Jarida linalowaita wasomaji wake wote vijana lilikuwa linadai, bila kutangaza, kwamba wasichana wamo.

Ulinganisho na Marekani unasaidia hapa, ingawa si wa kusukumwa mbali. Playboy, lililoanzishwa Chicago na Hugh Hefner mwaka 1953, lilijaribu kujifanya upya kwa kuondoa picha za utupu kuanzia toleo la Machi 2016, likazirudisha mwaka 2017, kisha likasimamisha uchapaji wake wa kawaida mwaka 2020. Kule mgogoro ulikuwa wa picha: nini kionyeshwe, na mwili wa nani. Femina halikuwa na picha za kuondoa. Mgogoro wake ulikuwa wa kitenzi.

3.0 Wasomaji wa Nyanda za Juu Kusini

Utafiti wa kitaifa wa mwaka 2003/04 ulionyesha kwamba asilimia 7 ya Watanzania wa umri wa miaka 15 hadi 49 walikuwa na virusi vya UKIMWI. Katika mikoa ya Mbeya na Iringa kiwango kilikaribia mara mbili ya hicho. Ule wa mwaka 2007/08 ulionyesha kiwango cha taifa kikishuka hadi kama asilimia 6 huku cha Iringa kikifika takriban 16. Njombe ilipomegwa kutoka Iringa mwaka 2012 ilirithi sehemu kubwa ya msiba huo. Katika utafiti wa 2016/17 Njombe na Iringa zilikuwa bado juu ya asilimia 11. Kitaifa wanawake waliathirika zaidi: katika utafiti wa 2007/08, asilimia 7 hivi dhidi ya 5 ya wanaume.

Sababu zake ni za kihistoria kuliko za kimaadili. Wanaume wa Rungwe walikwenda kwenye migodi ya kusini mwa Afrika tangu enzi za ukoloni, na wa Iringa walikwenda kwenye mashamba ya mkonge ya Tanga. Mufindi ikawa na mashamba ya chai, yenye makambi ya vibarua waliotengana na wenzi wao. Reli ya TAZARA ilikamilika katikati ya miaka ya 1970, na barabara kuu ikaijaza Makambako na Tunduma madereva waliolala njiani. Wasichana wa Iringa nao walisafiri upande wa pili, kwenda Dar es Salaam kufanya kazi za ndani, kiasi kwamba mzaha wa mjini kuhusu asili ya hausigeli umekuwa mzigo kwa mkoa mzima.

Jambo lisiloangaliwa vya kutosha ni hali ya lugha ya msomaji huyo. Nyumbani alizungumza Kihehe, Kibena, Kikinga, Kinyakyusa, Kisafwa au Kinyiha. Darasani, akiwa sekondari, somo la uzazi alifundishwa kwa Kiingereza, ndani ya baiolojia, pamoja na uzazi wa mimea. Kiswahili kilikuwa katikati: lugha ya sokoni, ya kanisani, ya rafiki wa kabila jingine. Kila moja ya lugha hizo ilikuwa na ukimya wake.

Kinyakyusa kinatoa mfano bora. Kuna desturi iitwayo ingamwana, ambayo humtaka mwanamke aliyeolewa aepuke jina la baba mkwe wake na hata maneno yanayofanana nalo kwa sauti, akitafuta visawe vya kuyaziba. Mwiko wa kukutana na baba mkwe na mwiko wa kutamka vinaendana. Monica Wilson, aliyeandika juu ya vijiji vya marika vya Wanyakyusa mwaka 1951, alionyesha jinsi hofu ya kuchanganya ujinsia wa vizazi viwili ilivyopanga hata mahali pa kujenga nyumba: vijana walijenga kijiji chao, mbali na wazazi. Katika utamaduni wa namna hiyo maneno ya ngono hayakukosekana. Yalikuwa na mahali pake, na mahali hapo hapakuwa mbele ya mkubwa.

Neno ngono lenyewe lina historia inayostahili kutajwa hapa. Mzizi wake unahusishwa na kitenzi cha Kibantu -gona, kulala, ambacho katika Kiswahili sanifu hakitumiki tena. Katika Kihehe na Kinyakyusa kitenzi hicho ki hai, na maana yake ni ya kawaida kabisa. Ugonile ni salamu ya Kinyakyusa: umelalaje? Msichana wa Tukuyu aliyemwamkia bibi yake kwa mzizi huo asubuhi alikutana nao shuleni, katika ukurasa wa jarida, ukiwa na maana ambayo bibi asingekubali kuisikia. Umbali kati ya matumizi hayo mawili ndio uliokipa Kiswahili nafasi yake. Kwa kuwa kilikuwa lugha ya pili, kiliweza kubeba lililokuwa zito katika ya kwanza. Mzazi wa Iringa asiyeweza kumwambia mwanawe neno hilo kwa Kihehe aliweza kuliacha gazeti mezani.

4.0 Kauli ya kutendana

Mwandishi wa elimu ya afya mwishoni mwa miaka ya 1990 alikuwa na vitenzi vya aina tatu. Vya kwanza ni vya mtaani, kama kumega, ambavyo huhamisha maana ya kula na kukata. Katika vitenzi hivyo mwanamume ni mtenda na mwanamke ni kitu chenye kutendwa. Kinyume chake husikika kama kichekesho. Vya pili ni vya ndoa: mwanamume huoa, mwanamke huolewa, na kauli ya kutenda ikipewa mwanamke humaanisha kwamba amemweka mume ndani kwa fedha zake. Vya tatu ni vya kitabibu na kidini, na ndivyo vilivyoshinda: kujamiiana, kuingiliana, kukutana kimwili, na kirai kisicho na upande, kufanya ngono.

Kujamiiana kinatokana na mzizi wa Kiarabu wa kukusanyika na kukutana, uleule uliotupatia jamii na jumuiya. Kwa mzazi na mwalimu kilikuwa na sauti ya msikitini na hospitalini, si ya kijiweni. Kwa mtetezi wa haki za wanawake kilikuwa na faida nyingine. Kiambishi -an- hudai watendaji wawili walio sawa. Katika sentensi moja kilifuta kile ambacho kumega na kuolewa vilikuwa vimekijenga kwa karne nyingi. Mwanamke aliyekuwa yambwa akawa kiima. Haikuwa kazi ndogo, na majarida ya miaka hiyo yanastahili sifa kwa kuieneza. Bila kitenzi hicho kusingekuwa na ukurasa wa maswali ya wasomaji ambamo msichana angeuliza kuhusu mwili wake bila kujitukana.

Lakini usawa wa kisarufi si ushahidi wa usawa wowote mwingine. Tazama sheria ya mwaka 1998. Chama cha Wanahabari Wanawake Tanzania (TAMWA), ambacho tangu mwaka 1988 kilikuwa na jarida lake, Sauti ya Siti, kilikuwa mstari wa mbele kuidai. Sheria hiyo inamtaja mbakaji kuwa mwanamume na inaeleza wazi kwamba ridhaa ya msichana aliye chini ya miaka 18 si utetezi, isipokuwa pale anapokuwa mke wa mwanamume huyo naye ana umri wa miaka 15 au zaidi. Kwa Kiswahili inaitwa Sheria ya Makosa ya Kujamiiana. Kosa ambalo msingi wake ni kwamba mmoja hakutaka limepewa jina kwa kauli inayosema kwamba wote wawili walitenda. Ni vigumu kupata mfano mwingine wa sarufi na maudhui kupingana kwa kiasi hicho katika jina la sheria.

Watunzi wa jina hilo hawakuwa na nia mbaya. Walikuwa na lugha iliyowapa vitu viwili tu: kitenzi kizee cha kunajisi, ambacho humwachia aliyetendewa uchafu, na msamiati wa heshima ambao wote ulikuwa umekwisha kuwa wa kutendana. Kubaka kilikuwapo, lakini makosa yaliyokusanywa katika sheria hiyo yalikuwa mengi zaidi ya ubakaji.

Madhara yalionekana kwenye habari. Sentensi kwamba mwalimu alijamiiana na mwanafunzi wake ni ya adabu na ni ya uongo kwa pamoja: kiima ni mwalimu, lakini -an- inamvuta mwanafunzi katika tendo. Ushauri nao ulirithi kasoro hiyo. Palipokuwa na wawili waliotendana, aliyeweza kuambiwa ajizuie alikuwa yule aliyekuwa anasoma, na mara nyingi alikuwa msichana. Jichunge, jitambue, jithamini, subiri: vitenzi vya kujirejea viliingia pale ambapo mtenda mwingine alitoweka. Kwa msichana wa kambi ya chai au wa nyumba ya wageni Makambako, ambaye tatizo lake lilikuwa mtu mwenye fedha na si ukosefu wa kujithamini, lugha hiyo ilikuwa na upungufu mkubwa.

5.0 Mtenda apata jina

Mtaa haukuwa na aibu ya kumtaja mtenda, ila ulimtaja kinyume. Misemo iliyopendwa na magazeti ya udaku ilimwita mwanamume mwenye fedha buzi na msichana mchunaji. Kuchuna buzi ni kumvua mnyama ngozi. Hapa hatimaye msichana ni kiima cha kitenzi cha kutenda, na mtu mzima wa miaka 45 ni mbuzi asiye na hatia. Anayetafuta ushahidi kwamba kumfanya mwanamke kiima hakutoshi kumpa uwezo anaweza kuanzia hapo.

Mwishoni mwa miaka ya 2000, kampeni ya redio iliyoanzia Morogoro ikaleta mhusika aitwaye Fataki. Alikuwa mwanamume wa makamo, mchangamfu, anayewarubuni wasichana wa shule kwa lifti, chipsi na simu. Katika kila kipande kifupi hila yake ilivunjwa na mtu wa kawaida aliyekuwa karibu, mhudumu au jirani. Kampeni ilipoenea nchi nzima jina likageuka nomino ya kawaida, fataki kwa umoja na mafataki kwa wingi. Mtu angeweza kusema fulani ni fataki, na kila msikilizaji akaelewa nani wa kulaumiwa.

Kiisimu hili ni tukio la nadra: neno lililopandwa na kampeni likaota na kuwa la watu. Fataki, kitu kinacholipuka kwa kishindo, halikuwa tusi kabla ya hapo. Lilifaa kwa sababu lilikuwa jipya katika uwanja huo, halikuwa la kigeni kama shugadadi, na lilichekesha. Juu ya yote lilirudisha kauli ya kutenda bila kurudisha matusi. Msichana hakuambiwa ajichunge. Jirani aliambiwa aingilie. Katika maandishi ya vijana yaliyofuata, ya Fema yakiwemo, halikuhitaji kufafanuliwa.

Upande wa wavulana ulikwenda polepole zaidi. Majina ya kondomu ni ushahidi mdogo lakini mzuri. Ya kwanza kuenea iliitwa Salama, jina la amani lisilo na upande. Iliyokuja baadaye iliitwa Dume. Soko lilikuwa limegundua kwamba mwanamume hanunui usalama kwa urahisi kama anavyonunua uanaume, na kwa hiyo kinga ikauzwa kwa taswira ileile ambayo kurasa za ushauri zilikuwa zikijaribu kuipunguza.

6.0 Kutoka mwilini kwenda mfukoni

Kuanzia mwaka 2011 Fema lilijigeuza tena. Shindano la televisheni la Ruka Juu liliwaleta wajasiriamali vijana, na awamu yake ya mwaka 2013 ikawahusu vijana katika kilimo. Wapo walioona jarida limekimbia mada iliyolizaa. Hukumu hiyo ni ya haraka. Kwa Iringa na Mbeya, zinazohesabiwa miongoni mwa mikoa mikuu ya mahindi nchini, swali la nani ana shamba na nani ana fedha halikuwahi kuwa mbali na swali la nani anaweza kusema hapana. Kamusi ya jarida iliongeza mjasiriamali, nomino ya ngeli ya m-/wa- isiyo na historia ya kiume kama ya kijana, na msichana akaweza kuonekana katika ukurasa bila kuwa mgonjwa, mjamzito au mwenye kuonywa.

Hata hivyo shule aliyolisomea jarida hilo ilikuwa na sarufi yake. Kanuni za mwaka 2002 ziliruhusu mwanafunzi mjamzito kufukuzwa. Mwaka 2016 sheria ya elimu ilirekebishwa ili anayempa mwanafunzi mimba afungwe miaka 30, na humo mtenda yumo, katika kitenzi kumpa. Juni 2017 Rais John Magufuli alitangaza kwamba waliojifungua hawatarudi katika shule za serikali, na kauli iliyotawala mjadala ilikuwa ile ya zamani, wanafunzi waliopata mimba, kama mtu apatavyo homa. Novemba 2021 Waziri wa Elimu, Joyce Ndalichako, alitangaza kwamba wataruhusiwa kurudi.

Kitenzi cha ndoa hakikusogea. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inamruhusu mvulana kuoa akiwa na miaka 18 na msichana kuolewa akiwa na 15 kwa idhini ya mzazi, au 14 kwa idhini ya mahakama. Mwaka 2016 Mahakama Kuu, katika shauri lililofunguliwa na Rebeca Gyumi, ilivitamka vifungu hivyo kuwa kinyume cha Katiba, na Oktoba 2019 Mahakama ya Rufani iliukubali uamuzi huo. Hadi mwishoni mwa mwaka 2021, unapoishia uchunguzi huu, Bunge halikuwa limevirekebisha.